Usawa katika Ajira ya Umma na Makosa ya Makaratasi

Ibara ya 22 ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila raia fursa sawa na ya mwenzake ya kushika kazi chini ya mamlaka ya nchi. Sote tunaikubali ibara hiyo. Lakini usawa huo tunaupima namna gani pale kijana anapokataliwa, si kwa kuwa haijui kazi, bali kwa kuwa karatasi zake zina kasoro?

Hapa Babati swali hili lina sura yake. Majina ya Wairaqw, Wagorowa na Wabarbaig yana sauti zisizomo katika Kiswahili. Karani aliyetoka mkoa mwingine huyaandika kama alivyoyasikia. Hata kata ya Bashnet, wengine huiandika Bashanet. Tuchukue mfano wa kijana wa Dareda. Cheti chake cha kuzaliwa kinasema Tluway, cheti cha kidato cha nne kinasema Tluwai. Mtu ni yule yule, na elimu yake ni ile ile. Kosa si lake. Ni la kalamu ya mtumishi wa umma. Lakini anayelipa gharama yake ni mtoto wa mkulima, kwa nauli ya kwenda mjini, kwa ada ya wakili na kwa siku alizoacha shamba.

Hata hivyo, tusikimbilie kusema kwamba karatasi hazina maana. Aprili 2017 Serikali ilitangaza kuwa imewabaini watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Kila mmoja wao alikalia nafasi ambayo mwananchi mwenye sifa halali angeweza kuipata. Kughushi cheti ni unyonyaji kama unyonyaji mwingine: mtu anakula jasho la masomo ambayo hakuyasoma. Kwa hiyo Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma, iliyoanzishwa kwa marekebisho ya sheria ya mwaka 2007, ina haki ya kudai vyeti kamili na kukataa karatasi za matokeo tu.

Hapana budi basi kutenganisha mambo matatu ambayo urasimu hupenda kuyachanganya.

Kwanza, uongo. Huu hauna msamaha katika ajira, nao ni jambo la sheria.

Pili, upungufu wa sifa. Asiye na sifa inayotakiwa hana dhambi, lakini hawezi kupewa kazi hiyo. Hapa pia haki ina mipaka yake. Mwaka 2018 Serikali iliagiza watumishi wa darasa la saba walioajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004 warejeshwe kazini, kwa sababu sharti la kidato cha nne lilikuja baada yao. Sharti halimnasi mtu aliyelitangulia.

Tatu, kosa la kuandika: herufi iliyoruka, tarehe iliyogeuzwa, sahihi iliyosahauliwa katika barua. Kosa hili haligusi ukweli wala uwezo wa mwombaji. Linaweza kusahihishwa.

Wako watakaosema: basi ofisa aliyeliona kosa la namna hii amwonee huruma mwombaji. Hapo ndipo penye hatari. Ofisa akimpigia simu mmoja alete karatasi iliyosahauliwa, na wengine kumi wenye kosa hilo hilo wakaachwa, hiyo si huruma tena, ni upendeleo. Na anayepigiwa simu mara nyingi ni yule mwenye ndugu ofisini. Mtoto wa mkulima hana namba ya mtu. Huruma ya siri humsaidia mwenye nafasi. Utaratibu wa wazi humsaidia mnyonge.

Kwa hiyo usawa wa kweli hauko katika ukali, wala hauko katika ulegevu. Uko katika mambo manne: masharti yatangazwe mapema kwa lugha ya wananchi, anayekataliwa aambiwe sababu, siku za kusahihisha makosa ya kuandika ziwe zile zile kwa wote, na pawe na mahali pa kukata rufaa. Ibara ya 13(6) inaitambua haki ya kusikilizwa na ya kukata rufaa. Kulitekeleza hilo katika ajira ni kuifuata Katiba, si kumfadhili mtu.

Kazi ya kada katika tawi haipo katika kubeba bahasha za waombaji kwenda kwa wakubwa. Kada anayefanya hivyo anaubomoa usawa kwa mikono yake, hata kama kijana anayemsaidia anastahili. Kazi yake ni kuwafundisha vijana na wazazi kulinganisha majina ya vyeti tangu mtoto yumo shuleni, kuhakikisha jina lililoandikishwa kwa ajili ya mtihani ni lile la cheti cha kuzaliwa, na kufuata hati halali ya majina kabla tangazo la kazi halijatoka. Kazi yake nyingine ni kuuliza katika vikao, bila woga: waliokataliwa walikataliwa kwa lipi, na je, wote walipimwa kwa kipimo kimoja?