Maonyesho ya Mashimo

Kampala kuna utani wa siku nyingi: ukimwona dereva ananyoosha njia moja kwa moja, huyo amelewa, maana mwenye akili zake lazima ayumbe kukwepa mashimo. Watu hucheka, kisha hupanda bodaboda roho mkononi. Utani huo ndio ulionirudisha kwa Jimmy Spire Ssentongo, mchora vibonzo wa gazeti la The Observer na mhadhiri wa falsafa Makerere.

Aprili 2023 Ssentongo hakuandamana wala hakupeleka waraka wa malalamiko. Alitangaza maonyesho kwenye Twitter, akawaalika wananchi walete mashimo ya mitaani kwao. Wakayaleta, picha juu ya picha: shimo la kumeza gurudumu zima, shimo lililokula nusu ya barabara, shimo lililojaa maji ya mvua likaitwa bwawa la samaki. Chini ya picha, mara nyingi, jina la barabara au la mtaa. Hapo ndipo ninapovua kofia. Kicheko kisicho na anwani hupita na upepo. Hiki kilikuwa na anwani, na hakuna ofisi iliyoweza kusema haijui shimo liko wapi. Na aliyezoea kulaani peke yake ndani ya teksi kila asubuhi akaona kumbe jiji zima linalaani naye. Hofu ikichekwa na wengi, hupungua uzito.

Wakubwa walisikia. Rais Museveni akaagiza mamlaka ya jiji, KCCA, ipewe shilingi bilioni 6 za kuziba mashimo. Ssentongo akasonga mbele: yakafuata maonyesho ya hospitali, na mwaka 2024, pamoja na mwanaharakati Agather Atuhaire na wenzao, zamu ikawa ya Bunge na matumizi yake.

Lakini kuchekesha Uganda kuna gharama. Julai 2020 wachekeshaji wanne wa kundi la Bizonto walikamatwa kwa sababu ya video iliyowataka watu wawaombee viongozi wao. Kwa nini utani mmoja uletewe fedha na mwingine uletewe pingu? Na hizo bilioni 6, kabla ya picha zilikuwa wapi? Sijaona aliyejibu.

Mashimo bado yapo. Msomaji, ukilikuta la mtaani kwako, lipige picha, na usisahau kuandika jina la barabara.