Kuajiri, Kuteua, Kukaimisha, Kupandisha Cheo: Maneno Yanayoamua Migogoro ya Walimu wa Shule Binafsi

Mwalimu wa sekondari binafsi mjini Kibaha anapokea barua yenye sentensi moja: "Umepewa jukumu la makamu mkuu wa shule." Anaifanya kazi hiyo kwa miaka miwili, kisha mmiliki wa shule anamweka mtu mwingine. Je, mwalimu huyo ameshushwa cheo, ametenguliwa uteuzi, au amerudishwa tu kwenye kazi aliyoajiriwa kuifanya? Mfano huu ni wa kubuni, lakini mgogoro wa namna hii huanzia mara nyingi kwenye kitenzi ambacho mwandishi wa barua hakukipima.

Kuajiri na kuteua. Kuajiri ni kuanzisha uhusiano wa kazi kati ya pande mbili. Kuteua ni kumchagua mtu ashike wadhifa fulani, na aghalabu mteuliwa huwa tayari ameajiriwa. Kwa hiyo uteuzi *hutenguliwa*, na ajira *husitishwa*. Kuandika "amefukuzwa kazi" pale ambapo mwalimu amevuliwa wadhifa lakini bado anafundisha ni kupotosha madai. Kosa hilo lina gharama: kwa kanuni za mwaka 2007, mgogoro wa kusitishwa ajira hupelekwa katika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30, ilhali migogoro mingine hupelekwa ndani ya siku 60.

Kukaimu na kukaimisha. Mwalimu *anakaimu* nafasi, mwajiri *anamkaimisha*. Maneno yote mawili yana wazo la muda: kaimu huishikilia nafasi hadi mwenyewe arudi au apatikane. Barua inayosema "umepewa jukumu" haisemi lolote kuhusu muda, na pengo hilo hujazwa na kila upande kwa namna unaoupendelea. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi maelezo ya kazi kwa maandishi. Katika shauri, mwajiri akishindwa kuyatoa maandishi hayo, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha sharti linalodaiwa humwangukia yeye.

Kuthibitishwa. Hili ni neno la mwisho wa kipindi cha majaribio. Wengi huamini kwamba muda huo ukipita na mtu akaendelea na kazi, amethibitishwa. Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika Rufaa ya Madai Na. 61 ya mwaka 2016 iliyomhusu mfanyakazi wa benki, iliona kwamba kuthibitishwa hakuji kwenyewe kwa kupita kwa muda. Ndiyo maana kitenzi hiki hupendelea kauli ya kutendwa: mtu *huthibitishwa* na mwajiri, hajithibitishi kwa kubaki kazini.

Cheo, daraja, wadhifa. Daraja ni ngazi katika mfumo wa kada na mshahara. Wadhifa ni kazi ya uongozi. Cheo hutumika kwa maana zote mbili, na hapo ndipo utata huingia. Mwalimu wa serikali katika Sekondari ya Minaki, wilayani Kisarawe, *hupandishwa daraja* kwa utaratibu wa utumishi wa umma. Tume ya Utumishi wa Walimu ilianzishwa kwa Sheria Na. 25 ya mwaka 2015. Jirani yake wa shule binafsi hana ngazi hiyo ya kisheria: kupanda kwake hutegemea mkataba na kanuni za shule. Hata hivyo, mmiliki hana uhuru usio na mpaka. Sheria ya mwaka 2004 inakataza ubaguzi katika uteuzi, upandishaji vyeo, uhamisho na ushushaji vyeo, ukiwemo ubaguzi wa kabila, dini, jinsia, ujauzito na ulemavu.

Ikumbukwe pia kwamba, katika matumizi ya Tanzania, *mwalimu mkuu* huongoza shule ya msingi na *mkuu wa shule* huongoza sekondari. Katika taasisi yenye shule zote mbili, kuchanganya majina haya ni kuchanganya nafasi mbili.

Usuluhishi, uamuzi, tuzo, marejeo. Msuluhishi huzisaidia pande mbili zikubaliane, hatoi hukumu. Wasipokubaliana, mwamuzi husikiliza ushahidi na kutoa *tuzo*. Asiyeridhika na tuzo hiyo huomba *marejeo* katika Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, ndani ya wiki sita tangu alipopewa tuzo. Mfasiri asiandike "rufaa" mahali pa "marejeo", wala "hukumu" mahali pa "tuzo", kwa kuwa kila neno hutaja njia yake.

Barua iliyo wazi hutumia kitenzi kimoja na hutaja mipaka yake. Kwa nafasi ya muda: "Unakaimishwa nafasi ya makamu mkuu wa shule kuanzia tarehe 1 Julai hadi tarehe 31 Desemba, mkataba wako wa ualimu unaendelea kama ulivyo." Kwa nafasi ya kudumu: "Unapandishwa cheo kuwa makamu mkuu wa shule kuanzia tarehe 1 Julai, mshahara na majukumu mapya yameambatishwa." Mwalimu anayepokea ya kwanza anajua atarudi wapi Januari, na anayepokea ya pili ana cha kuonyesha siku atakapoambiwa kwamba nafasi ile haikuwa yake.