Sahihi Isiyo na Wino

Msomaji wa Kashozi, Bukoba, anauliza: nikitia sahihi mkataba wa kahawa kwa simu, nini kitamzuia mnunuzi kugeuza kilo 300 kuwa 800? Swali lina uzito huko ambako butura, kuuza kahawa ingali mtini kwa bei ya kutupa, imewaliza wengi.

Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaitambua sahihi hiyo. Ila ili ihesabiwe kuwa salama, lazima iwe chini ya udhibiti wa mwenyewe, tena ishikamane na waraka hata badiliko lolote lifichuke. Picha ya sahihi iliyobandikwa kwenye faili haifiki hapo. Inayofika ni hesabu, na hesabu yenyewe ni tamu.

Programu huukamua waraka mzima ukatoka mstari mmoja wa herufi na tarakimu. Mafundi husema “hashi”; mimi nasema mkamuo, kwa kuwa Wahaya wanajua kukamua ndizi. Zikishakanyagwa pamoja na nyasi, juisi hutiririka, wala hajazaliwa wa kuirudisha iwe mkungu. Mkamuo nao haurudi nyuma. Kisha kibuyu chake hakibadiliki: kwa njia iitwayo SHA-256, barua ya mstari mmoja na kitabu kizima vyote hutoa alama 64. Na ukibadili ndizi moja tu, juisi yote hugeuka ladha: andika 8 penye 3, na kati ya sifuri na moja 256 zinazouunda mkamuo, takriban nusu hupinduka.

Mkamuo huo hutiwa muhuri kwa ufunguo wa siri wa mtia sahihi, kwa mbinu kama RSA, iliyobuniwa mwaka 1977 na Rivest, Shamir na Adleman. Yeyote mwenye ufunguo wake wa wazi, ule wa jozi usiofichwa, hukagua: huukamua waraka upya na kulinganisha na mkamuo uliotiwa muhuri. Mnunuzi akigusa tarakimu, mikamuo haitalingana, na hila itaonekana.

Hata mashine za risiti za kielektroniki (EFD), zilizoanza kutumika Tanzania mwaka 2010, zimo za kutia sahihi ankara za kompyuta. Kila mashine imesajiliwa Mamlaka ya Mapato (TRA) na hutuma taarifa zake kwa mtandao, ndiyo maana risiti inahakikika.

Mkamuo wa kizamani, SHA-1, ulivunjwa mwaka 2017. Wa sasa bado imara. Basi mkulima, baki na nakala yako ya mkataba, na namba yako ya siri usimpe mtu, hata dalali mliyezoeana.