Fredo wa The Godfather: Kweli au Porojo?

Ukikaa na wapenzi wa sinema za zamani, hukosi kusikia habari za John Cazale, Mmarekani aliyeigiza Fredo, yule kaka mnyonge wa Michael Corleone. Jina lake wengi hawalijui, ila porojo zake wanazo. Tuzipime.

"Aliokotwa tu mtaani." Uongo. Alisomea uigizaji Chuo Kikuu cha Boston, kisha akasota New York. Alikuwa tarishi katika kampuni ya mafuta ya Standard Oil, na huko ndiko alikokutana na Al Pacino, aliyekuja kuigiza Michael. Mwaka 1968 wote wawili walipata Obie, tuzo ya michezo ya jukwaani, kwa mchezo wa Israel Horovitz, The Indian Wants the Bronx. Cazale alikuwa Mhindi aliyepotea mjini, hajui Kiingereza, na vijana wawili wahuni wanamtesa. Hebu jaribu wewe kuliteka jukwaa kwa maneno ambayo watazamaji hawayaelewi! Wazee wanaosema jukwaa ndilo shule ya mwigizaji wako sahihi: alionwa na watu wa Coppola, mwongozaji wa The Godfather, akiwa kwenye mchezo mwingine wa Horovitz.

"Filamu zake zote ziliwania Oscar ya Filamu Bora." Kweli, ingawa inasikika kama chumvi. Ni 5 tu: The Godfather, The Conversation, The Godfather Part II, Dog Day Afternoon na The Deer Hunter. Tatu zilishinda.

"Basi naye ana Oscar." Uongo. Hakuteuliwa hata mara moja.

"Aliweza wanyonge tu." Uongo, na huu ndio unaoniudhi. Ni kweli Fredo ni mnyonge: baba yake anapigwa risasi, bastola inamponyoka, anaketi ukingoni mwa barabara akilia. Lakini mtazame Sal katika Dog Day Afternoon (1975), jambazi wa benki mwenye bunduki, mkimya kiasi kwamba hujui atafanya nini. Filamu hiyo inatokana na tukio la kweli, na Sal halisi alikuwa kijana wa miaka 18. Cazale alikuwa anakaribia 40, na bado unamwamini. Mwaka 1976, katika bustani ya Central Park, aliigiza Angelo, mtawala mnafiki wa Measure for Measure ya Shakespeare. Aliyecheza naye ni Meryl Streep, na hapo ndipo mapenzi yao yalipoanzia.

"De Niro alimlipia bima." Inaelekea ni kweli. Cazale alikuwa na kansa ya mapafu, na kampuni ikataka aondolewe kwenye The Deer Hunter. Mwongozaji Michael Cimino akapanga sehemu zake zipigwe kwanza. Kuhusu bima ya kumwezesha kuigiza, Streep mwenyewe amesema Robert De Niro, nyota wa filamu hiyo, ndiye aliyeibeba. Cazale alifariki Machi 1978 akiwa na miaka 42, kabla filamu haijatoka.

"Ipo filamu ya sita." Nusu kweli. The Godfather Part III ya 1990 ina vipande vyake vya zamani. Nayo ikateuliwa kuwania Filamu Bora.