Ajali ikiua Kisangani, nani alipe?

Mjini Kisangani, pikipiki ikimgonga mtu akafa, mazungumzo ya fidia mara nyingi huanzia msibani. Watu wa upande wa dereva huleta jeneza, mchele wa waombolezaji, pengine na bahasha ya franka. Wazee wa pande zote mbili huketi, karatasi ya mapatano huandikwa, na familia iliyochoka kwa kilio hutia sahihi. Marehemu anazikwa. Muhula mpya wa shule unapofunguliwa, watoto wanadaiwa ada, na aliyekuwa akiilipa hayupo tena.

Gharama za matanga si fidia. Fidia ni malipo ya kile ambacho familia imepoteza: mapato ya marehemu, malezi ya watoto, na uchungu wenyewe.

Sheria ya Kongo ya kudai haki hiyo ni ya zamani. Kifungu cha 258 cha Kitabu cha Tatu cha sheria za madai, kilichotoka katika amri ya tarehe 30 Julai 1888, kinamtaka aliyemletea mwenzake hasara kwa kosa lake ailipe. Kifungu cha 260 kinaongeza jambo zito: mtu huwajibika pia kwa makosa ya wale anaowatuma kazi, na kwa madhara ya vitu anavyovisimamia. Hapa familia nyingi hupitwa na haki yao. Pikipiki nyingi za teksi si mali ya vijana wanaoziendesha, kwani kijana humpelekea mwenye chombo pesa ya siku na kubaki na kinachozidi. Familia ikimkazia macho kijana huyo peke yake, itakuta mifuko mitupu. Mwenye pikipiki naye aitwe.

Tena kuna asiransi. Tangu sheria ya tarehe 5 Januari 1973, kila chombo cha moto barabarani kinapaswa kuwa na bima ya kulipa madhara yanayowapata watu wengine. Kwa miongo mingi bima hiyo iliuzwa na SONAS pekee, shirika la serikali lililoundwa mwaka 1966. Sheria ya bima ya tarehe 17 Machi 2015 ilivunja ukiritimba huo, na kuanzia 2019 kampuni binafsi zilipewa vibali chini ya ARCA, mamlaka inayosimamia bima. Kwa hiyo mtu wa familia anapaswa kujua ni kampuni gani iliyokiwekea bima chombo kilichoua. Jina limeandikwa kwenye cheti cha bima. Lisomwe na kunakiliwa kabla chombo hakijaondolewa. Lori lililotoka Uganda au Kenya linapaswa kuwa na kadi ya njano ya COMESA, inayoifanya bima ya kwao itambulike hadi Kongo. Toleka, yaani baiskeli ya kubeba abiria, haimo katika bima hiyo ya lazima. Familia ya anayeuawa na baiskeli huachiwa vifungu vile vya 1888 tu.

Kuua bila kukusudia ni kosa la jinai pia, na adhabu yake ni kifungo cha miezi 3 hadi miaka 2 pamoja na faini. Kesi ikifikishwa mahakamani na parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka, familia inaweza kujiunga nayo na kudai fidia humo humo. Dereva kufungwa hakumlishi yatima. Familia lazima ijitokeze na kutaja inachodai.

Mji huu unajua gharama ya kukosa ushahidi. Juni 2000, majeshi ya Uganda na Rwanda yalipigana Kisangani kwa siku 6, na raia wakafa kwa mamia. Tarehe 9 Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki huko The Hague iliiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya miaka ya 1998 hadi 2003, milioni 225 kati yake kwa ajili ya madhara yaliyowapata watu. Kongo ilikuwa imedai zaidi ya bilioni 11. Majaji walilalamikia upungufu wa ushahidi, zikiwamo fomu za waathirika zisizoambatana na karatasi za kuzithibitisha. Ajali si vita, lakini hakimu wa Kisangani naye atauliza karatasi.

Mjane ambaye ndoa yake haikuandikishwa komini huanza na mzigo wa kuthibitisha kwamba alikuwa mke. Mtoto asiye na cheti cha kuzaliwa yuko katika shida iyo hiyo.

Basi, ndugu wa marehemu, kabla ya kutia sahihi yoyote msibani, mchagueni mmoja wenu asiyelemewa sana na kilio. Aandike namba ya chombo, jina la mwenyewe na kampuni ya bima, aombe nakala ya ripoti ya ruleji, yaani polisi wa barabarani, achukue karatasi ya hospitali na cheti cha kifo. Kisha amwone wakili. Jeneza na mchele vipokeeni, lakini msikubali viandikwe kuwa ndiyo malipo ya mwisho.