Bendi kubwa kwenye kioo: za kwanza, za pekee, zilizodumu

Kiongoroni, ndani ya delta ya Rufiji, bendi za Dar es Salaam zilisikika redioni. Sauti ilivuka mikoko, sura za wapigaji zikabaki mjini. Marekani, bendi za swing zilipigwa filamu fupi mapema, na hadi leo tunawaona wakipuliza. Hizi ndizo zinazoshika rekodi, za huko na za kwetu.

Filamu ya pekee. *St. Louis Blues* ya 1929 ndiyo filamu moja tu aliyoicheza mwimbaji wa blues Bessie Smith, aliyefariki 1937.

Ya kwanza kwa nyota. Billie Holiday alionekana akiimba filamuni kwa mara ya kwanza katika *Symphony in Black* (1935), na bendi ya Duke Ellington.

Nyingi kuliko zote. Kati ya 1940 na 1946 zilitengenezwa filamu fupi za muziki zilizoitwa Soundies, zaidi ya 1,800, kila moja kama dakika tatu. Ulitumbukiza senti 10 kwenye kabati la Panoram, na vioo vya ndani vikaitupa picha kwenye skrini ya mbele. Filamu nane zilizunguka kwa zamu. Hukuchagua, uliangalia iliyofika.

Yenye picha nzuri kuliko zote, kwangu. *Jammin' the Blues* (1944) inaanza na miduara miwili gizani. Kumbe ni kofia ya Lester Young. Anainua uso, anapuliza saksafoni. Ilipendekezwa kwa tuzo ya Oscar. Mpiga gitaa Barney Kessel, mzungu pekee kundini, alifichwa kivulini.

Kongwe kwetu. Nadi Ikhwan Safaa ya Unguja, kikundi cha taarab kilichoanza 1905.

Yenye majina mengi. Bendi ya NUTA Jazz ya 1964 ikawa JUWATA, ikawa OTTU, leo Msondo Ngoma.

Pengo kubwa kuliko yote. Televisheni ilianza Tanzania Bara 1994. Salum Abdallah wa Cuban Marimba alikuwa amefariki 1965, mpiga gitaa Mbaraka Mwinshehe 1979. Sauti zao tunazo. Namna vidole vya Mbaraka vilivyotembea kwenye gitaa la solo, wengi wetu hatutaiona kamwe.

Hasara hiyo isijirudie. Bendi za Msondo na Sikinde zikipanda jukwaani, mwenye simu aurekodi wimbo mzima, tangu mashairi hadi chemko, ile sehemu ya mwisho ya kasi, na amwonyeshe pia mpuliza tarumbeta wa nyuma.