Harry Franklin na Redio ya Sufuria

Katika masomo ya historia twasikia sana habari za watu walioteka nchi na za watu waliozikomboa. Leo nataka kuwaeleza habari za mtu wa namna nyingine, mtumishi wa serikali ambaye kazi yake ilikuwa kusema na raia. Jina lake ni Harry Franklin, na nchi aliyoitumikia ni Rodesia ya Kaskazini, ambayo tangu mwaka 1964 yaitwa Zambia.

Huenda mkauliza, mtoto wa Vamizi, aliyezaliwa kisiwani, ana haja gani na mambo ya Lusaka, mji usio na bahari? Haja ninayo, nami nitaieleza nikimaliza habari za bwana huyu.

Franklin alikuwa afisa wa serikali ya kikoloni, naye alikuwa mkuu wa Idara ya Habari. Wakati wa Vita Kuu ya Pili serikali ilihitaji askari, tena ilihitaji shaba. Raia nao walitaka kujua vita inakwendaje. Gazeti la serikali, jina lake Mutende, lilikuwapo tangu mwaka 1936, lakini gazeti humfaa ajuaye kusoma tu. Basi mwaka 1941 Idara ya Habari ilianzisha kituo cha redio mjini Lusaka. Mtambo wake ulikuwa wa wati 300 tu, yaani nguvu ya kuwasha taa tatu kubwa za zamani.

Vita ilipokwisha, ingalikuwa rahisi kukifanya kituo kile cha Wazungu, maana wao ndio waliokuwa na redio nyumbani. Franklin hakutaka hivyo. Mwaka 1945 alipendekeza kituo kishughulike hasa na Waafrika, na kiseme kwa lugha zao. Kwa kuwa gharama ilikuwa kubwa, aliziomba serikali za Rodesia ya Kusini na Nyasaland zichangie, na Uingereza ikatoa fedha za mitambo. Ndivyo kilivyopatikana kituo cha utangazaji cha Afrika ya Kati. Watangazaji Waafrika walisema Kibemba, Kinyanja, Kitonga, Kilozi na lugha nyingine, na ngoma za vijijini zikarekodiwa na kupigwa hewani.

Lakini sauti bila sikio yafaa nini? Redio za siku zile zilikuwa ghali mno, na vijijini hapakuwa na umeme. Kwa muda wa miaka mitatu Franklin aliwasihi wenye viwanda wa Uingereza watengeneze redio rahisi ya betri. Wengi waliona Mwafrika hana fedha ya kununua. Mwishowe kampuni ya Ever Ready ilikubali, na mwaka 1949 redio hiyo ikatoka. Ilikuwa ya mviringo, ya alumini, yenye upana wa inchi 9, mfano wa sufuria isiyo na mkono. Kwa hiyo ikaitwa redio ya sufuria. Ilipakwa rangi ya buluu. Bei yake ilikuwa pauni 5, na betri pauni 1 na shilingi 5. Betri ilidumu saa 300. Mtu akisikiliza saa tatu kila usiku, ingemfikisha siku 100. Katika miezi mitatu ya kwanza ziliuzwa 1,500. Wenye viwanda wakajua walikuwa wamekosea.

Hapo mtu angedhani kazi imekwisha. Serikali ina kinywa, raia wana sikio. Kumbe sivyo. Wakati huo huo Wazungu walitaka kuziunganisha nchi zile tatu ziwe Shirikisho, na Waafrika wengi walilikataa, wakihofia ardhi yao na haki zao. Serikali haikuwasikiliza, na mwaka 1953 Shirikisho likaanzishwa. Katika ugomvi huo uvumi ulienea. Watu walisema sukari imetiwa dawa ya kuwalegeza ili wasipinge. Hata watangazaji Waafrika, waliokuwa wamependwa sana, walishukiwa kuwa ni banyama, watu wa kunyonya damu, wale ambao sisi watu wa pwani twawaita mumiani. Redio zilikuwapo, betri zilikuwapo, lugha ilikuwa ya watu wenyewe. Kilichopotea ni imani. Franklin, ambaye baadaye aliteuliwa kusemea mambo ya Waafrika katika Baraza la Kutunga Sheria, alitoa kitabu mwaka 1963 kueleza jinsi Shirikisho lilivyoshindwa. Mwisho wa mwaka ule ule likavunjwa.

Sasa nirudi kwetu. Vamizi ni kisiwa cha matumbawe mbele ya pwani ya Cabo Delgado. Sisi twasema Kimwani na Kiswahili, na lugha ya serikali ni Kireno. Kusini mwetu, katika jimbo la Nampula, tarehe 7 Aprili 2024 mashua ya uvuvi yenye watu wapatao 130 ilizama karibu na Kisiwa cha Msumbiji. Walikufa zaidi ya 90, na wengi wao walikuwa watoto. Wakuu wa jimbo walieleza kwamba watu wale walikuwa wakikimbia kwa hofu ya uvumi juu ya kipindupindu. Hawakuuawa na kipindupindu. Waliuawa na bahari, baada ya kuamini neno la uongo kwa kuwa neno la kweli halikuwafikia, au liliwafikia wasiliamini.

Kwa hiyo naona Franklin ametufundisha nusu mbili. Nusu ya kwanza aliifanya mwenyewe: sema na watu kwa lugha yao, na uwape chombo cha kusikilizia wanachoweza kukinunua. Nusu ya pili ilionekana baada ya kazi yake: anayetaka kusadikiwa siku ya hatari hana budi kuwasikiliza watu siku zote za salama. Wenzangu, baadhi yetu tutakuwa maafisa, waganga na watangazaji. Siku tutakapopewa kipaza sauti tukumbuke kwamba nacho kina mpaka wake: sauti chaikuza, lakini imani hakiwezi kuileta.